Hidilyn Diaz: dhahabu iliyosubiriwa miaka 97

Kila ifikapo Julai 26, Wafilipino hukumbuka jioni ile ya mwaka 2021 mjini Tokyo, mnyanyua vizito Hidilyn Diaz aliponyanyua kilo 127 na kuipa nchi yake dhahabu ya kwanza ya Olimpiki tangu ianze kushiriki mwaka 1924. Kisichokumbukwa sana ni jinsi alivyotendewa nyumbani miaka miwili kabla.

Diaz alizaliwa Zamboanga mwaka 1991, mtoto wa tano kati ya sita. Baba yake aliendesha pikipiki yenye kigari cha abiria ubavuni, kisha akageukia kilimo na uvuvi. Binamu ndiye aliyemfundisha kunyanyua, kwa mabomba ya plastiki na vyuma bandia vya zege. Beijing 2008 alikwenda akiwa na miaka 17. London 2012 alibeba bendera, lakini hakumaliza shindano. Rio 2016 alirudi na fedha, medali ya kwanza ya Ufilipino katika miaka 20.

Mei 2019, msemaji wa Rais, Salvador Panelo, aliwaonyesha waandishi wa habari mchoro wa mistari uliounganisha majina ya watu katika kile kilichodaiwa kuwa njama ya kumng'oa Rais Rodrigo Duterte. Jina la Diaz lilikuwamo. Huyu alikuwa askari wa Jeshi la Anga, akihangaikia kufuzu Tokyo! Alikana, akasema anahofia usalama wa familia yake. Panelo baadaye alidai kwamba hakumtuhumu. Lakini jina likishatiwa doa hadharani, nani wa kulisafisha?

Mwezi uliofuata, Diaz aliandika kwenye Instagram kwamba hali ni ngumu, akiuliza kama yafaa kuomba udhamini wa kampuni binafsi. Bingwa wa Michezo ya Asia ya 2018, mwenye medali ya Olimpiki, anaomba ruhusa ya kuomba msaada. Hiyo ni aibu ya taifa, si yake.

Korona ilimkuta mazoezini Malaysia mwaka 2020, akakwama huko. Kumbi zilipofungwa, alinyanyua fimbo ya mwanzi yenye machupa ya maji yaliyoning'inizwa kila ncha, chini ya kocha Gao Kaiwen kutoka China na Julius Naranjo, ambaye baadaye alimwoa.

Kisha Tokyo. Liao Qiuyun wa China alimaliza kwa kilo 126. Diaz akaagiza 127. Akaitua pau mabegani, akainuka, akaisukuma juu, mikono ikanyooka. Jumla ya minyanyuo yote miwili: 224 dhidi ya 223. Wimbo wa taifa ulipopigwa, alipiga saluti, machozi yakiloanisha barakoa.

Mamilioni ya peso na nyumba zikafuata. Duterte naye alimpongeza, akamwomba asahau yaliyopita. Yaliyopita si ndwele, tunasema, tugange yajayo. Lakini mganga hatibu kidonda kwa kukifunika.

Mwaka 2022 Diaz alitwaa ubingwa wa dunia Bogotá. Paris 2024 hakufuzu. Sasa ana kituo chake cha kulea wanyanyuaji chipukizi huko Jalajala, mkoani Rizal. Serikali inayojivunia jina lake iwagharamie watoto hao leo, wakiwa bado hawajulikani, kwa sababu zawadi inayotolewa baada ya ushindi haimlishi mwanamichezo siku za mazoezi.