Jina la Kuazima

Ukisikia jina Masanja, unafikiria Usukuma. Ukisikia Mpoki, unafikiria Tukuyu au Kyela. Lakini mchekeshaji wa televisheni Masanja Mkandamizaji ni Emmanuel Mgaya, mtoto wa Nyanda za Juu Kusini, na mwenzake Mpoki ni Mujuni Silvery, mwenye jina la kawaida huko Kagera. Ili kuelewa kwa nini majina haya ya kuazima yalichekesha wala hayakuleta ugomvi, tuanzie mbali kidogo.

Kati ya mwisho wa miaka ya 1870 na mwanzo wa miaka ya 1880, Wahehe na Wangoni walipigana vita vikali. Baadaye uadui huo uligeuka utani. Mngoni akifika msibani Iringa, anaweza kumkejeli marehemu, hata kuzuia jeneza lisitoke mpaka apewe chochote, na wafiwa hawana ruhusa ya kukasirika.

Mijini, watu wa makabila mbalimbali walikaa pamoja, na mzaha wa aina hiyo ukapata nafasi katika vichekesho vya jukwaani, vilivyochezwa katikati ya ngoma na muziki. Wachezaji walikubaliana kisa tu, maneno yakaja palepale. Ndiyo maana watunzi wengi wa vichekesho hawakuacha maandishi: kazi yao ilikuwa kumtunga mhusika, kumpa jina, lafudhi na mwendo.

Televisheni ilichelewa. Zanzibar ilikuwa nayo tangu 1974, lakini Bara ilionekana kuwa anasa kwa nchi maskini, hadi kituo cha ITV kilipoanza kurusha matangazo mwaka 1994. Vituo vilipoongezeka, vilihitaji vipindi vya nyumbani visivyo na gharama kubwa. Hapo ndipo kundi la Ze Comedy lilipopata mlango katika kituo cha EATV, likiwa na Masanja, Mpoki, Joti, Wakuvwanga, Vengu na Mac Regan. Mwaka 2008 kundi lilihamia TBC1 na kuitwa Ze Orijino Komedi.

Wapo wanaosema siri ya mafanikio yao ilikuwa uhuru mpya wa kuwaigiza wanasiasa. Hoja hiyo ina uzito, kwani enzi za chama kimoja jambo hilo lisingekuwa rahisi. Hata hivyo, uhuru unaeleza kwa nini waliruhusiwa, hauelezi kwa nini watazamaji walicheka bila kununa. Kwa hilo, utani unaeleza zaidi: hadhira ilikwisha kufundwa msibani na harusini.

Jina hilo la kuazima lilimfuata Masanja hata kwenye siasa. Mwaka 2015, baada ya kifo cha mbunge Deo Filikunjombe, Mgaya aliomba kuteuliwa na CCM kugombea Ludewa, wilaya iliyokuwa ya Iringa kabla Mkoa wa Njombe haujaundwa mwaka 2012. Aliyepeperusha bendera ya chama ni Deo Ngalawa. Mchekeshaji huyo, ambaye pia amelima mpunga Mbarali, aliendelea kuitwa Masanja nchi nzima, na Wasukuma hawajadai jina lao.