Nani aliitengeneza karatasi ya Pushkin?

Kwa miaka mingi nimewaambia wanafunzi wangu wa fasihi kwamba Alexander Pushkin ni damu yetu. Huwaeleza kuwa mshairi huyo aliyezaliwa Moscow mwaka wa 1799, na ambaye Warusi humwona kuwa baba wa lugha yao ya fasihi, alikuwa kitukuu cha Mwafrika. Darasa hufurahi. Wapo wanaopiga makofi. Nami sina budi kukiri kwamba huyafurahia makofi hayo kana kwamba ni mimi niliyeyatunga mashairi yenyewe.

Miaka kadhaa iliyopita nilihudhuria kongamano la lugha mjini Moscow. Lilipokwisha, mwenyeji wangu, mama mmoja aliyejifunzia Kiswahili chuo kikuu huko huko na anayekizungumza kwa usanifu unaotutia haya sisi tuliozaliwa nacho, aliniuliza swali la ajabu.

"Mwalimu, ungependa kuona nyumba ya Pushkin au ungependa kuona karatasi yake?"

Nilidhani ulimi umemteleza. Nikajibu, "Karatasi," kwa sababu tu nilitaka kujua alikuwa na maana gani.

Alfajiri ya siku iliyofuata tukashika njia ya kusini-magharibi kuelekea mkoa wa Kaluga. Yalikuwa majira ya majani kupukutika, na baridi ya asubuhi ilinifanya nijute kuliacha koti langu zito hotelini. Tulikuwa tunaenda mahali panapoitwa Polotnyany Zavod, kando ya mto Sukhodrev.

Msomaji wa safu hii anajua udhaifu wangu. Siwezi kulipita jina bila kuuliza lina maana gani. Polotnyany Zavod, mwenyeji wangu akanieleza, ni kiwanda cha kitani. Basi! Makao ya kifahari ya mabwana wenye vyeo, yenye jumba la orofa tatu na bustani iteremkayo hadi mtoni, yanaitwa kiwanda. Neno zavod lenyewe linatokana na kitenzi chenye maana ya kuanzisha jambo. Nikamwambia kwamba kiwanda chetu nacho, katika kamusi za kale, kilikuwa kiwanja cha kufanyia kazi kabla hakijawa na paa na mitambo. Akacheka, akatoa kijitabu chake na kuandika. Huyo ndiye mwanafunzi wa lugha.

Kisa cha mahali hapa kinaanzia kwa Mfalme Peter Mkuu. Peter alitaka jeshi la majini, na merikebu za enzi hizo hazikwenda bila matanga. Matanga yalihitaji kitambaa kigumu cha kitani. Mnamo 1718 aliamuru mfanyabiashara mmoja wa Kaluga, Karamyshev, aanzishe kiwanda cha kitambaa cha matanga, na pamoja nacho kinu cha karatasi. Shughuli hizo mbili hazikuwekwa pamoja kwa bahati tu. Wakati huo karatasi ya Ulaya haikutengenezwa kwa miti. Miti ilikuja kutumika kwa wingi katika karne ya 19. Kabla ya hapo karatasi ilikuwa matambara: vitambaa vikuukuu na mabaki ya kitani yaliyochambuliwa, yakalowekwa hadi yakaoza kidogo, kisha yakapondwapondwa na nyundo kubwa zilizoendeshwa kwa nguvu za maji ya mto. Uji uliopatikana ulichotwa kwa chekecheke pana, ukachujwa, ukakandamizwa na kuanikwa. Kwa hiyo kilichosalia kwenye matanga kiligeuka kuwa ukurasa.

Hapa tena mwenyeji wangu alinifunza kitu. Neno la Kirusi la karatasi, bumaga, zamani lilikuwa na maana ya pamba. Hadi leo nguo ya pamba kwa Kirusi huitwa kwa jina lililobeba neno hilo ndani yake. Nami nikamweleza kwamba karatasi yetu tuliipata kwa Waarabu, ambao neno lao lina asili ya Kigiriki, na kwamba Mgiriki huyo huyo ndiye babu wa karata tulizoachiwa na Wareno na kadi tulizoletewa na Waingereza. Warusi nao, kumbe, wana karta yao, yaani ramani. Tulikuwa tumesimama mbele ya jumba la kale katikati ya Urusi tukihesabu binamu za maneno kama wazee wanaohesabu nasaba kwenye matanga. Na matanga hayo, maskini, ni ya kilio wala si ya merikebu.

Aliyetajirika zaidi kwa kiwanda hicho hakuwa Karamyshev bali mshirika wake, Afanasy Goncharov. Jina Goncharov limetokana na neno la Kirusi la mfinyanzi. Ukoo wa wafinyanzi ukawa ukoo wa matajiri, kwani kitambaa chao kiliuzwa hadi ng'ambo, Uingereza ikiwemo. Mwaka wa 1775 Malkia Catherine II aliwatembelea. Ukoo ukapewa cheo cha ubwana. Lakini mali bila daftari huisha bila habari. Mjukuu wa mzee huyo, aliyeitwa pia Afanasy, aliitapanya: karamu, farasi, wageni wasioisha. Kufikia mwaka wa 1830 alikuwa na jumba kubwa, madeni makubwa zaidi, na mjukuu wa kike mrembo ajabu aliyeitwa Natalia.

Natalia ndiye aliyemleta Pushkin pale, Mei mwaka huo wa 1830. Mshairi alikuwa ameposa, naye alikuja kumwamkia babu mtu na kuzungumzia mahari. Kwao ni bibi harusi anayekuja na mali, si bwana harusi anayepeleka ng'ombe. Babu hakuwa na pesa. Alichokuwa nacho ni sanamu kubwa ya shaba ya Malkia Catherine. Akasema iyeyushwe, iuzwe, fedha ziwe mahari. Pushkin aliiombea kibali serikalini, akaihangaikia, akaiita kwa mzaha nyanya wa shaba. Lakini wapi! Sanamu haikumletea fedha za harusi, na miaka iliyofuata ilibaki kuwa mzigo juu yake.

Hadi hapo nilikuwa nacheka. Kicheko kiliniisha tulipoingia chumba kimoja cha jumba hilo, ambalo sasa ni makumbusho, na mwenyeji wangu akanigeukia na swali alilokuwa amelihifadhi safari nzima.

"Mwalimu, krepostnoy kwa Kiswahili tumwiteje?"

Krepostnoy ni mtu aliyefungwa kwenye ardhi ya bwana. Hawezi kuhama, hawezi kuoa bila ruhusa, na anaweza kuuzwa. Mwaka wa 1721 Peter Mkuu aliwaruhusu wafanyabiashara kununua vijiji vizima, watu wakiwa ndani, ili viwanda vyao vipate wafanyakazi. Mwaka wa 1736 amri nyingine ikawafunga mafundi wa viwandani humo, wao na jamaa zao, milele. Milele hiyo ilikatizwa mwaka wa 1861.

"Mtumwa," nikasema.

"Hapana. Kirusi kina neno jingine la mtumwa."

"Mtwana wa shamba?"

"Huyu hakuwa shambani. Alikuwa kiwandani."

Nikamtajia maskwota, wanaoishi kwenye ardhi ambayo sheria inasema si yao. Akatikisa kichwa. Skwota anaweza kufukuzwa. Huyu alikuwa hafukuziki, na huo ndio msiba wake. Nikamtajia manamba, wale vibarua wa mashamba ya mkonge ya Tanganyika waliopata jina hilo kwa kuwa walijulikana kwa namba. Hapo alinyamaza kidogo. Kisha akaniambia kuwa Warusi hawakuwahesabu watu hao kwa namba za majina. Waliwahesabu kwa roho. Bwana aliulizwa ana roho ngapi, na waliohesabiwa ni wanaume peke yao. Roho za wanawake na za wasichana hazikuingia katika hesabu hiyo.

"Pushkin naye," akaendelea, sauti yake ikiwa imeshuka, "alipewa na baba yake roho 200 kwa ajili ya ndoa. Akaziweka rehani, akapata fedha za harusi."

Msomaji wangu, nilijihisi kama mtu aliyeshikwa na deni la mwenzake. Mimi ndiye niliyepigiwa makofi darasani kwa ajili ya Abram Gannibal, mtoto wa Kiafrika aliyeng'olewa kwao mwanzoni mwa karne ya 18, akapitishwa Istanbul, akafikishwa kwa mfalme huyo huyo, Peter. Wapo wanaosema alitoka pembe ya Afrika, wapo wanaosema karibu na Ziwa Chad. Peter alimsimamia ubatizo, akamsomesha, na Gannibal akawa mhandisi wa kijeshi na jenerali. Hayo nilikuwa nayasema. Sikuwa nikisema kwamba mtoto aliyeuzwa, alipokua na kupewa mashamba, naye alimiliki krepostnoy wake. Nilikuwa nakata habari pale inaponoga.

Hebu tuyatazame mambo mawili ya Peter kwa pamoja. Kwa mkono mmoja alimpokea mtoto mweusi kama zawadi. Kwa mkono mwingine alitia sahihi amri ya kiwanda cha matanga. Februari mwaka wa 1831 mikono hiyo ilikutana: kitukuu cha mtoto yule akamwoa binti wa ukoo wa kiwanda kile. Na mwaka wa 1836, Pushkin alipoanzisha jarida lake, Sovremennik, Natalia alimwandikia kakake Dmitry, aliyekuwa akisimamia kiwanda, kumwombea mumewe karatasi. Hiyo ndiyo karatasi niliyoletwa kuiona. Ukiinua karatasi ya zamani dhidi ya mwanga utaona alama ya kiwanda iliyofichika ndani yake. Wataalamu wa miswada hutumia alama kama hizo kukisia mshairi aliandika nini na lini. Alama ya bwana wa kiwanda inasomeka. Aliyechota uji kwa chekecheke, mikono ikiwa majini mchana kutwa, hakuacha alama, na kwa kawaida hakujua kusoma kilichoandikwa juu ya kazi yake.

Januari mwaka uliofuata Pushkin aliuawa kwa risasi ya shindano la bastola. Kiwanda kiliendelea. Mwanzoni mwa karne ya 20, Goncharov mwingine, Dmitry, aliyekuwa na fikra za kimapinduzi, alimhifadhi pale Anatoly Lunacharsky, mhamishwa wa kisiasa. Lunacharsky huyo ndiye aliyekuja kusimamia elimu baada ya mapinduzi ya 1917, na ni katika zama zake, mwaka wa 1919, serikali ilipoamuru kila mtu wa kati ya miaka 8 na 50 ajifunze kusoma na kuandika. Vita vya Pili vya Dunia vikaliteketeza jumba, zikabaki kuta. Lilijengwa upya na kufunguliwa mwaka wa 1999, Pushkin alipotimiza miaka 200.

Tulipotoka, nilimwomba mwenyeji wangu tupitie dukani. Nilitaka daftari. Mahali hapa pamejulikana kwa madaftari ya shule, na watoto wengi wa Kirusi wamejifunzia herufi juu ya karatasi ya hapa bila kujua habari za matanga. Nikapata moja jembamba, la mistari, bei yake haizidi ya maandazi mawili. Ndani ya gari nikaandika kwenye ukurasa wa kwanza: krepostnoy. Chini yake nikaacha nafasi.

Nafasi hiyo sijaijaza. Niliwahi kuandika "mfungwa wa ardhi," nikafuta, kwa kuwa mfungwa ana siku ya kutoka. Niliandika "mtu wa kiwanda," nikafuta, kwa kuwa lingeweza kuwa jina la heshima. Wanaofasiri riwaya za Kirusi kwa Kiswahili wengi wao hutumia "mtumwa" na kusonga mbele, nami siwalaumu, hadithi haisubiri. Hata hivyo, lugha iliyopata neno la mtwana, la mjakazi, la mzalia na la manamba, kila moja kwa machungu yake, haikosi pa kuanzia.

Bado nawaambia wanafunzi kwamba Pushkin ni damu yetu. Bado wanapiga makofi. Ila sasa makofi yakiisha, hulitoa lile daftari, huwaonyesha ukurasa wa kwanza, na huwauliza swali la yule mama. Juzi msichana mmoja aliyeketi nyuma, ambaye si msemaji, aliniuliza, "Mwalimu, hao waliotengeneza karatasi, walikuwa na majina?" Nikamwambia walikuwa nayo. Darasa zima likanyamaza, nami nikanyamaza nalo. Kama wewe, msomaji, unalo neno linalowafaa, niandikie.