Fadhili William na Hatima ya "Malaika"

Fadhili William Mdawida, mwimbaji aliyeutia wimbo wa "Malaika" kwenye santuri, alizaliwa Taita-Taveta mwaka 1938. Vijiji vya milimani huko, kama Wusi, vilijua muziki wa namna mbili: ngoma ya mwazindika, iliyochezwa kuwatibu wenye pepo, na nyimbo za kanisa zilizoletwa na wamisionari wa Church Missionary Society (CMS). Reli, iliyofika Voi mwishoni mwa karne ya 19, iliwarahisishia vijana safari ya kwenda Mombasa na Nairobi kutafuta kazi. Katika miji hiyo gitaa ndilo lililotawala.

Fadhili alijulikana Nairobi akiwa na kundi la Jambo Boys. Baadaye aliongoza Equator Sound Band, bendi ya studio ya Mwingereza Charles Worrod, pamoja na Daudi Kabaka na Wazambia Nashil Pichen na Peter Tsotsi. Wenzake walivuma kwa twisti ya Kiafrika yenye mdundo wa kasi. Yeye alikumbukwa zaidi kwa sauti laini, gitaa lisilo na haraka na maneno machache yanayoeleweka mara moja. "Malaika" ni kilio cha kijana anayeshindwa kuoa kwa sababu ya ufukara, jambo lililowagusa wengi waliokuwa wakiishi kwa mshahara mdogo mjini.

Wimbo huo ulivuka mipaka upesi. Miriam Makeba na Harry Belafonte waliuimba. Mwaka 1967 kundi la Hep Stars lilitamba nao Sweden, na mwaka 1981 Boney M wakautoa upya. Lakini umaarufu wa wimbo haukuwa sawa na pato la mwimbaji. Wakati huo mwanamuziki aliingia studio bila mwanasheria, na mkataba ndio ulioamua nani apate mrabaha. Utunzi wenyewe nao uligombaniwa: Adam Salim wa Tanzania ni miongoni mwa waliodai kuwa ndio walioutunga.

Kenya ilipata sheria yake ya hakimiliki mwaka 1966, miaka kadhaa baada ya "Malaika" kurekodiwa. Fadhili aliishi Marekani kwa miaka mingi, akarudi nyumbani, na akafariki Nairobi Februari 2001. Mzozo kuhusu mtunzi halisi wa wimbo huo haukumalizika alipofariki.