Kiwango cha uthibitisho katika kesi za uchaguzi nchini Kenya

Kiwango cha uthibitisho katika kesi za uchaguzi nchini Kenya ni kipimo ambacho mahakama hutumia kuamua kama ushahidi wa mlalamishi unatosha kubatilisha uchaguzi. Kipimo hicho hutumika katika kesi zote za uchaguzi, zikiwemo zile za magavana na wawakilishi wadi katika kaunti 47.

Msingi wa kisheria

Kesi hizi huongozwa na Katiba ya Kenya ya 2010 na Sheria ya Uchaguzi ya 2011. Ombi la kupinga uchaguzi wa gavana hupelekwa Mahakama Kuu, na lile la mwakilishi wadi husikilizwa na hakimu. Yote mawili huwasilishwa ndani ya siku 28 tangu matokeo yatangazwe, na huamuliwa ndani ya miezi 6. Mlalamishi huweka dhamana ya gharama: shilingi 500,000 kwa kesi ya gavana na 100,000 kwa ya mwakilishi wadi.

Mpigakura wa kawaida anaweza kufungua kesi, si mgombea aliyeshindwa tu. Kwa kuwa kesi hizi huhesabiwa kuwa za maslahi ya umma, mlalamishi hawezi kuiondoa kesi bila ruhusa ya mahakama, na mtu mwingine anaweza kuomba kuchukua nafasi yake.

Kipimo chenyewe

Mwaka 2013, katika kesi ya Raila Odinga dhidi ya Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka (IEBC), Mahakama ya Juu ilieleza kwamba uthibitisho unapaswa kuzidi ule wa kesi za madai, lakini si lazima ufikie ule wa kesi za jinai. Hata hivyo, anayedai kosa la jinai, kama vile kuhonga wapigakura, hutakiwa kulithibitisha bila kuacha shaka ya msingi.

Mzigo wa uthibitisho huanza kwa mlalamishi. Akitoa ushahidi wa kutosha, upande wa pili hulazimika kujibu. Mwaka 2017 IEBC haikutekeleza kikamilifu amri ya kufungua seva zake zikaguliwe, na Mahakama ya Juu ikalichukulia hilo kama jambo dhidi ya tume.

Athari kwa matokeo

Kifungu cha 83 cha Sheria ya Uchaguzi kinazuia uchaguzi kubatilishwa kwa sababu ya kasoro ikiwa ulifuata misingi ya Katiba na sheria, au ikiwa kasoro hazikuathiri matokeo. Mwaka 2017 mahakama ilifafanua kwamba mlalamishi anaweza kushinda kwa kuthibitisha mojawapo: misingi kuvunjwa au matokeo kuathirika.

Katika ngazi ya kaunti, Mahakama ya Juu ilirejesha ushindi wa gavana wa Meru, Peter Munya, mwaka 2014, na ule wa gavana wa Wajir, Mohamed Abdi Mahamud, mwaka 2019, baada ya Mahakama ya Rufaa kuamua kinyume.

Aina za ushahidi

Ushahidi hutolewa kwa hati za kiapo, mashahidi na fomu za matokeo za vituo. Mahakama inaweza pia kuagiza kura zichunguzwe au zihesabiwe upya, mradi mlalamishi aonyeshe sababu ya msingi.

Ukosoaji

Wakosoaji husema kipimo hiki humwelemea raia wa kawaida, kwa kuwa nyaraka nyingi anazohitaji ziko mikononi mwa tume anayoishtaki. Wanaokitetea hujibu kwamba uamuzi wa maelfu ya wapigakura haupaswi kutenguliwa kwa tuhuma tupu.