Shauri la Chombo Liberty

Katika mwezi wa Mei, 1768, chombo kiitwacho Liberty, milki ya tajiri John Hancock, kilitia nanga bandarini Boston kikiwa na mvinyo wa Madeira, ukalipiwa ushuru wa mapipa 25, hesabu iliyowatia shaka maofisa wa forodha. Baadaye mlinzi wao mmoja alikula yamini kwamba usiku wa siku chombo kilipotia nanga alifungiwa ndani ya chombo huku shehena ikiteremshwa kwa siri. Na tarehe 10 Juni chombo kikazuiliwa kwa hoja ya kupakia bidhaa bila kibali, kikavutwa hadi karibu na manowari ya Uingereza iitwayo Romney, na ghasia zikazuka mjini.

Hancock alishtakiwa kwa shehena hiyo ya siri katika mahakama ya bahari, ambamo hakimu mmoja alikuwa akikata hukumu pasipo baraza la wazee wa mahakama, jambo ambalo wakili wake, John Adams, alilipinga kwa bidii, na kwa haki kabisa, akidai pia kwamba sheria yenyewe ya ushuru ilitungwa bila ridhaa ya wakazi. Machi 1769 madai hayo yaliondolewa pasipo kutolewa sababu. Lakini chombo, kilichokwisha kutaifishwa, kilitumiwa na forodha hiyo hiyo, hata watu wa Newport wakakichoma moto mwezi wa Julai.