Namba Juu ya Mlango

Ukipita penye maduka ya Kisumu, msomaji, huenda ukaona juu ya mlango, au kwenye kioo cha gari, namba hii: 786. Si namba ya nyumba wala si bei ya kitu. Ni maneno. Ni Bismillahi Rahmani Rahimi iliyogeuzwa kuwa hesabu. Na jinsi maneno yalivyogeuka hesabu, kisha hesabu ikageuka dawa, ndiyo habari nitakayokusimulia.

Zamani, kabla ya tarakimu za Kihindi kuenea, Waarabu waliandika hesabu kwa herufi. Alifu ni 1, be ni 2, jimu ni 3, na kuendelea hata 10. Kisha herufi zapanda kwa makumi hata 100, na kwa mamia hata 1000. Mpango huu huitwa abjadi. Basi kila jina lina jumla yake. Muhammad ni 92. Ali ni 70 na 30 na 10, yaani 110. Mpaka hapo hapana uchawi wowote, maana ni njia ya kuandika tu. Lakini mtu akisha kujua kwamba jina lake ni namba, ni shida kumzuia asiulize namba hiyo ina siri gani.

Aliyepata sifa kuliko wote kwa kuitafuta siri hiyo ni Ahmad al-Buni, mwenyeji wa Buna, mji uitwao sasa Annaba katika nchi ya Aljeria, aliyefariki yapata mwaka 1225. Jina lake limeshikamana na kitabu Shams al-Maarif, yaani Jua la Maarifa, ingawa kitabu kirefu kinachochapwa leo kwa jina hilo kimetiwa mengi na watu waliokuja baada yake. Humo mna herufi, majina ya Mwenyezi Mungu, saa za sayari, na majedwali ya namba. Wanazuoni hawakukipokea wote kwa mikono miwili. Ibn Khaldun, katika utangulizi wa historia yake alioutunga mwaka 1377, alimtaja al-Buni na kuiweka elimu hiyo jirani na uchawi.

Vitabu vya namna hii vilisomwa sana katika pwani yetu na walimu wa falaki. Usiwacheke upesi. Falaki hiyo hiyo ndiyo iliyokuwa elimu ya kuandama kwa mwezi, ya saa za sala, na ya mwaka wa Nairuzi ambao kwao mkulima na nahodha walijua majira. Elimu ya kweli na ya kudhania zilikaa katika sanduku moja, na mara nyingi katika kichwa kimoja.

Kutoka pwani mambo haya yalifuata njia za watu. Misafara ya Waswahili ilikwisha kufika kwa Wanga kabla Joseph Thomson hajapita huko mwaka 1883, na Uislamu ukapata wafuasi katika mji wa Nabongo Mumia. Reli iliyoanzwa Mombasa mwaka 1896 ilifikia ziwani Desemba 1901, mahali palipoitwa Port Florence, ndipo Kisumu. Na hapo ziwani namba hazikuwa ngeni. Kwa desturi ya Wajaluo, matanga ya mwanamume yalihesabiwa siku nne na ya mwanamke siku tatu. Nadhani watu waliokwisha kuzipa namba uzito wa namna hiyo hawakustaajabu sana kumwona mwalimu wa pwani akipiga hesabu ya jina la mgonjwa.

Hesabu yenyewe ilikuwa hivi. Mwalimu huchukua jina la mtu na jina la mama yake, akajumlisha, akatoa kumi na mbili kumi na mbili. Kinachosalia ndicho nyota yake. Tuseme ni Ali, mwana wa Mariamu. Ali ni 110, Mariamu ni 290, jumla 400. Toa kumi na mbili mara 33, zasalia 4; nyota ya nne ni Saratani, yaani Kaa. Ali mwingine, mwana wa Fatuma, ambaye ni 135, hupata jumla 245. Zasalia 5, naye ni Simba. Vijana hao wawili wangezaliwa usiku mmoja, chini ya mbingu moja, wangepewa nyota mbalimbali. Na akina Ali wote wana wa Mariamu, kutoka Mombasa hata Kisumu, wana nyota moja! Mwalimu hakuinua macho kutazama juu hata mara moja.

Jedwali lina heshima zaidi. Andika safu tatu: 4, 9, 2, chini yake 3, 5, 7, chini yake 8, 1, 6. Jumlisha kwenda kando, kwenda chini, na kutoka pembe hata pembe. Kila mara utapata 15. Jedwali hili ni la kale sana, na Wachina walilijua kabla ya Waarabu. Al-Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, ameeleza kwamba liliandikwa juu ya vitambaa viwili visivyopata maji, vikawekwa chini ya miguu ya mwanamke aliyeshikwa na uchungu mgumu wa kuzaa.

Mfikirie mwanamke huyo. Jumla ni 15 mtoto akitoka salama, na ni 15 vilevile wakifa wote wawili. Wakati uliopotea katika kuandika haurudi.

Lakini usilitupe jedwali pamoja na kitambaa. Jiulize kwa nini 5 imekaa katikati. Namba zote tisa ni 45. Chukua mistari minne ipitayo katikati: jumla yake ni 15 mara nne, yaani 60. Ndani yake kila namba imehesabiwa mara moja, ila ile ya katikati imehesabiwa mara nne. Ziada ni 15, nayo ni ile namba mara tatu. Basi ni 5, wala haiwezi kuwa nyingine. Chukua kalamu ujaribu kuweka 6 mahali pake.