Ruzuku kwa Kila Mtoto

Ilipochezwa fainali ya Ireland nzima ya michezo ya Kigaeli katika uwanja wa Croke Park, Dublin, bendi ya wavulana wa Artane ilipita uwanjani ikipiga tarumbeta, na umati ukaishangilia. Wavulana wale walitoka shule ya viwanda (makao ya bweni ya watoto waliopelekwa na mahakama) ya mabruda wa shirika la Christian Brothers, yenye kibali cha kuchukua watoto 830. Yaliyotokea bwenini hayakuulizwa. Sisemi hayakujulikana: mwaka 1946 Padri Edward Flanagan, Mwairishi aliyeanzisha kituo cha Boys Town huko Nebraska, Marekani, alirudi kwao na kuzilaani hadharani adhabu za shule za aina hiyo. Serikali ilimpuuza.

Mwaka 1996 filamu ya Louis Lentin, Dear Daughter, ilisimulia mateso ya msichana mmoja katika kituo cha masista cha Goldenbridge. Nchi ilishtuka, ila watetezi wa masista walidai ametia chumvi. Shahidi mmoja ni rahisi kumkana.

Mary Raftery, mtayarishaji wa vipindi katika televisheni ya taifa, RTÉ, alikusanya ushuhuda wa wengi kutoka shule mbalimbali, kisha akaingia kwenye majalada ya Wizara ya Elimu. Majalada ndiyo yaliyoumbua. Serikali ililipa ruzuku kwa kila mtoto, kwa hiyo kitanda kitupu kilikuwa hasara kwa shirika la kitawa. Watoto wengi hawakuwa yatima wala wezi. Mahakama iliwapeleka kwa sababu wazazi wao walikuwa maskini, na fedha ambazo zingeweza kumsaidia mama awalee nyumbani zikaenda shuleni. Dkt. Anna McCabe, mkaguzi wa afya tangu 1939, alikuwa ameandika wazi kwamba watoto hawashibi. Barua zake zilifika, zikasomwa, zikahifadhiwa. Kwangu huo ndio uzito wa kazi ya Raftery: aliiweka sauti ya aliyepigwa kando ya karatasi ya aliyelipa.

Kipindi chake, States of Fear, kilirushwa kwa sehemu tatu, Aprili na Mei 1999. Tarehe 11 Mei, siku ya sehemu ya mwisho, Waziri Mkuu Bertie Ahern aliwaomba radhi wahanga kwa niaba ya taifa, akatangaza tume ya uchunguzi.

Tume yenyewe ilisuasua. Jaji Mary Laffoy, mwenyekiti wake wa kwanza, alijiuzulu mwaka 2003 akilalamikia serikali, hasa Wizara ya Elimu ile ile, kwa kutompa ushirikiano. Christian Brothers nao walikwenda mahakamani kuzuia watuhumiwa wasitajwe. Mrithi wa Laffoy, Jaji Sean Ryan, alitoa ripoti Mei 2009: juzuu tano, zikieleza kwamba unyanyasaji wa kingono ulikuwa umeota mizizi katika shule za wavulana. Karibu watuhumiwa wote wamepewa humo majina ya bandia.